Dawa ya Mtambo Kwenye Shingo ya Mama

Mimi ndiye niliyetafsiri, kwa hiyo tuanze kunicheka mimi. Wengine zamu yao itafika.

Ilikuwa Jumamosi mchana, kwenye ukumbi tunaokodi kwa ibada kule Berchem-Sainte-Agathe, pembeni mwa Brussels, nyuma ya karakana ya matairi. Akina mama wa kanisa tulikuwa tumemaliza maombi, mandazi yako mezani yamefunikwa, na watu wawili wa komini, yaani serikali ya mtaa, wanahangaika na waya za mashine ya kuonyesha picha ukutani. Mmoja alikuwa bibi wa makamo mwenye skafu ya kijani. Mwingine kijana mwenye ndevu zilizochanwa vizuri kuliko nywele zangu. Walikuja kutufundisha la kufanya siku mtambo wa nyuklia utakapoharibika. Ubelgiji inayo mitambo hiyo, upande wa Antwerpen na upande wa mto Meuse, na kila mwaka tunasikia kwamba inazimwa, halafu tunasikia hapana, imeongezewa miaka. Sisi wengi wetu ni watu wa Kivu. Tumekimbia mara mbili, mara tatu, sufuria kichwani na mtoto mgongoni. Sasa komini imetutumia kijana wa kutufundisha kuogopa kwa utaratibu.

Bibi wa skafu akauliza kwa Kifaransa nani atawatafsiria mamans wasioelewa vizuri. Vidole vyote vikanielekea. Mimi ndiye msomi wa pale: nina diploma ya serikali, ile ya kumaliza sekondari, sehemu ya biokemia, ambayo hapa Brussels imenisaidia kujua sabuni gani nisiichanganye na ipi ninapoosha vyoo vya watu.

Wakatuonyesha mchoro. Nyumba imefungwa madirisha, ndani baba, mama na watoto wawili wamekaa kwenye kochi, wanasikiliza redio na wanatabasamu. Nyumba gani hiyo? Hakuna shangazi. Hakuna shemeji aliyekuja kwa wiki mbili akakaa miaka miwili. Hakuna hata mtu mmoja anayepiga simu. Mimi nikatafsiri tu.

"Ingieni ndani. Fungeni madirisha. Zimeni mashine za hewa. Sikilizeni redio. Na msiende kuchukua watoto shuleni, walimu watabaki nao."

Hapo ukumbi ukaamka.

"Nini?" Alikuwa mama mmoja wa Uvira, mwembamba, sauti kama filimbi ya refa. "Ati mutoto abaki kwa masomo, na mimi nikae kwa kochi nacheka sawa hawa?"

"Maman, nje kuna mionzi. Haionekani, lakini inaingia mwilini."

"Binti yangu, mi nilitoka nje masasi inapita, na ile ilikuwa inaonekana. Ambia huyu papa ya ndevu: ile siku tutaonana naye kwa mulango ya masomo."

Watu walicheka mpaka mtoto mmoja akaamka akalia. Nilitafsiri nusu. Kijana akaandika kitu kwenye daftari lake, nadhani aliandika kwamba tunashiriki vizuri.

Kisha akatoa boksi dogo jeupe. Vidonge vya iodini. Akaeleza: mtambo ukipasuka, unaweza kutoa iodini yenye sumu, inasafiri na upepo, ukiivuta inakimbilia tezi ya shingo na kukaa hapo, na wanaoumia zaidi ni watoto. Lakini ukimeza hii nzuri kabla, tezi inashiba, ile mbaya inakosa nafasi. Nilitafsiri vizuri sana, nisijinyime. Niliongeza hata mfano wangu: ni kama kiti kwenye basi, ukishakaa wewe, mwizi hawezi kukaa. Mamans wakaitikia. Nikajisikia profesa.

Kwenye kiti cha mwisho alikuwepo mzee mmoja wa Likasi tunayemwita tonton, yaani mjomba, ndiye anayefungua na kufunga ukumbi. Akasema bila kusimama: "Urani ilitoka kwetu Katanga ikiwa jiwe. Sasa imeturudilia kinini, hiki kidonge. Maendeleo." Hilo nilimezea. Bibi wa skafu alikuwa na uso mzuri, sikutaka kuuharibu.

Ndipo rais wa akina mama akainua mkono. Huyu ni mtu wa Butembo, mwenye umri wa mama yangu, na anapouliza swali watu wanaacha kutafuna.

"Iode. Si njo ile banatiaka mu chumvi juu ya goitre?"

Aliyekulia kwenye milima yetu hahitaji maelezo. Kwa wengine: udongo wa kule juu una iodini kidogo, chakula chake vilevile, na shingo za watu zinavimba. Kiswahili cha vitabuni kinaita rovu, sisi tunasema goitre. Nilipokuwa shule ya msingi, alikuja muuguzi na kichupa, akatuambia kila mtoto alete chumvi ya nyumbani. Alidondosha tone. Chumvi nzuri inageuka buluu. Ya kwetu ilibaki nyeupe, na darasa zima lilijua kwa nini, kwa sababu lilimwona mama yangu kila Jumapili. Mama ana rovu tangu nina miaka mitano. Lina ukubwa wa ngumi. Anajifunga kitambaa shingoni hata jua likichoma, na kwenye picha zote za familia anashika kidevu, kama mtu anayefikiria mambo mazito. Kupasuliwa alikataa kabisa. Alisema shingo si kuku.

Basi nikamjibu rais: "Ndiyo maman, ni ileile." Nikamgeukia bibi wa skafu, nikamwuliza kama si ileile ya chumvi. Akafurahi jinsi tulivyoelewa. "Ndiyo, hasa!" Na akaongeza kwamba vidonge hivyo vinatolewa kwenye famasi yoyote, na ni gratuit.

Neno hilo, bure, halikuhitaji mtafsiri.

Viti vikaanza kusogea. Kijana wa ndevu alikuwa bado anaongea. Alisema msimeze mpaka serikali itangaze, na hilo nilitafsiri, na mama wa Uvira akauliza serikali ya wapi. Halafu akasema jambo la mwisho: waliopita miaka arobaini, na hasa wenye ugonjwa wa shingo, wamwone daktari kwanza, maana kwao dawa hii inaweza kuleta madhara. Wakati huohuo binti yangu wa miaka miwili alikuwa ameshika waya wa mashine na anauvuta. Nikamkimbilia. Nililisikia lile neno, kwa masikio yangu mawili, kwa Kifaransa safi. Sikulitafsiri. Niliporudi, watu walikuwa wameshafika kwenye mandazi.

Sasa nieleze kitu ambacho komini haikuuliza. Kwa Mkongo wa Brussels, kitu cha bure hakiishii hapa. Kinapita tu. Miwani ya mzee aliyefariki, sabuni za hoteli, dawa iliyobaki baada ya kung'oa jino, viatu vya mtoto vilivyombana kabla havijachakaa: vyote vinangoja sanduku. Na daima yuko mtu anayesafiri. Ana masanduku mawili ya kilo ishirini na tatu, na nguo zake mwenyewe zinakaa kwenye mkoba wa mkononi, kwa sababu masanduku ni ya watu. Ukikataa mzigo wa mwenzio leo, wako utaoza hapa. Na katika mizigo yote, dawa ndiyo inayopanda mbele. Nguo shemeji ataivaa, simu mdogo wako ataiuza. Dawa inafika kwa mgonjwa.

Msafiri wa mwezi ule alikuwa mama mmoja mnene, mcheshi, anayehudumia wazee kwenye nyumba yao ya kulelewa. Alikuwa anaenda Butembo kwenye harusi ya mpwa wake. Kabla mandazi hayajaisha, rais alishamwuliza: "Uko na nafasi?" Akajibu: "Kwa dawa, nafasi inapatikana. Nitaondosha viatu."

Wiki iliyofuata famasi za Chaussée de Wavre, barabara yetu Wakongo, ziliona maajabu. Kuanzia kwa wauza vitenge mpaka mwisho wa barabara, akina mama wenye mikoba wanaingia mmoja mmoja: "Bonjour, iode." Unasema mna watu wangapi nyumbani, unapewa. Mama wa Uvira aliwahesabu na wajukuu wa Canada. Mfamasia mmoja kijana aliniambia, na macho yake yanang'aa, kwamba Wabelgiji wenyewe hawachukui, na kwamba ni vizuri hatimaye kuona watu wanaojali usalama.

Baadaye komini ikatuandikia barua pepe ya pongezi. Pasta aliisoma mbele ya kanisa zima: tulikuwa jamii ya mfano katika kujiandaa na dharura. Tulipiga makofi. Muda ule tunapiga makofi, maandalizi yetu yote yalikuwa angani, mahali fulani juu ya Sudani.

Mimi nilituma boksi mbili, zote za nyumbani kwangu: moja yetu mimi na mume wangu, moja ya mtoto. Vidonge kumi kila boksi. Na kwa sababu mama hasomi Kifaransa, nilichukua kalamu nene nikaandika juu yake kwa herufi kubwa: MAMA. SHINGO. KIMOJA ASUBUHI. Nani alinipa kipimo hicho? Hakuna. Nilijipa. Kalamu ilikuwa mkononi, na diploma ilikuwa kabatini.

Mama aliniita kwenye video siku ya tisa ya kumeza. Anakaa kilimani, upande wa Lubero, mtandao unamkatakata uso.

"Aksanti sana, mama yangu," akasema. Ananiita mama, kama wanavyofanya wakubwa wetu wakimpenda mtoto. "Dawa ilifika. Iko na nguvu!"

"Unasikia namna gani?"

"Moyo inakimbia. Mikono inatetemeka, jana nilimwanga chai yote ju ya kitenge. Usingizi, hakuna. Bon, ni dawa ya bazungu, inapigana na ugonjwa."

"Na shingo?"

"Inapunguka. Kitambaa kilikuwa kinafunga mara moja, sasa kinafunga mara mbili." Akakisogeza anionyeshe, mkono ukamtetemeka, picha ikakwama hapo. Sauti ikaendelea: "Nimepatia na mamans ya koral, benye tunaimba nabo kanisani, nusu nusu. Banakuombea."

Nilifurahi. Nasema ukweli. Nilimwambia mume wangu, akanipigia saluti jikoni: "Biokemia!" Nilipika kuku.

Kesho yake asubuhi kreshi anakoshinda binti yangu ilinipa fomu. Katika dharura ya mtambo, unaruhusu mtoto apewe iodini? Nikaweka alama kwenye ndiyo. Je, nyumbani mnavyo vidonge? Kalamu ikasimama. Mtoto wangu mwenyewe, yule ambaye dawa ile ilitengenezwa kwa ajili ya shingo yake ndogo, hakuwa na hata kimoja. Nikaenda famasi kuomba vingine. Safari hii nilimkuta mfamasia mwenyewe mwenye duka, mwanamke mfupi, miwani yake inaning'inia kifuani kwa kamba.

"Vya kwanza viko wapi, madame?"

Ningeweza kudanganya. Nimeumbwa vibaya, mdomo wangu hauwezi.

"Nilituma kwa mama."

"Anakaa wapi, Antwerpen?"

"Kongo."

"Kuna mtambo kule?"

"Kuna goitre."

Akavaa miwani. "Anavimeza?"

"Kimoja kila asubuhi."

"Kila..." Akaniuliza umri wa mama, na amekaa na uvimbe huo miaka mingapi, na anajisikiaje. Nikaanza kumweleza habari za moyo kukimbia na mikono kutetemeka, kwa sauti ya mtu anayeleta habari njema, na katikati ya maneno nikajisikia mwenyewe nikipunguza kasi, kama basi linalokaribia kituo.

Aliniambia polepole ili nielewe, na nilielewa. Kidonge kimoja kina iodini ambayo mwili wa kawaida hauimalizi hata kwa miezi na miezi. Tezi iliyokaa na njaa miaka ishirini na zaidi, ukiimwagia yote hiyo kila asubuhi, inaweza kuchanganyikiwa kabisa, na moyo unaoburuzwa nayo ni moyo wa mwanamke mzee. Unaweza kusimama. "Aache leo. Si kesho. Na amwone mtu wa afya. Nani alimwandikia kipimo?"

Nilisoma tangazo la mafuta ya nywele lililokuwa nyuma yake. Nalijua kwa moyo mpaka leo.

Nilimpigia mama nikiwa bado barabarani, mbele ya duka la mihogo.

"Mama, simamisha ile dawa. Leo hii."

"Juu ya nini?"

"Si ya goitre. Ni ya centrale."

"Centrale ni nini?"

Haya, mweleze mtu wa kilimani mtambo wa nyuklia, umesimama kati ya mihogo na samaki wa chumvi. Nilisema ni nyumba kubwa ya kutengeneza umeme, ikiharibika inatoa hewa mbaya, na watu wanakunywa kinini ili ile hewa isiwapate.

"Umeme," mama akasema. Yeye ana taa moja ya jua. "Na ile hewa inaweza kufika huku?"

"Hapana."

"Imeshaharibika, ile nyumba?"

"Bado. Wanajiandaa tu."

"Bon. Donc bazungu hawana ugonjwa, banaogopa tu, na dawa banayo. Mi niko na ugonjwa, na mutoto yangu anasema nisikunywe. Nani anahitaji dawa, mama, mwenye goitre ama mwenye woga?"

Nijibuni ninyi.

"Itakuua, mama. Moyo yako njo inatetemesha mikono."

"Ulisema asubuhi moja. Ni mwandiko yako. Nilionyesha na pasta." Halafu sauti ikabadilika. "Kuna muntu alikuambia dawa ni mingi kwangu? Kama unataka niirudishe, sema tu."

Akakata. Alidhani nina choyo. Nilimpigia tena mara saba, akakata mara saba.

Kwa hasira nikaitafuta namba ya bibi wa skafu. Alinikumbuka, alifurahi. Nikamweleza yote. Nilitaka nini kwake? Sijui. Karatasi ya kiserikali, muhuri, mtu wa kupiga simu kwa cheo ambacho mama angekiogopa. Alisema oh là là mara tatu, kwa huruma kabisa. Kisha akasema kwamba kwa bahati mbaya mpango wa dharura unahusu eneo la komini tu.

"Na mionzi," nikamwuliza, "nayo inajua eneo la komini linaishia wapi?"

Akacheka kistaarabu. Akasema ataliweka jambo langu kwenye ripoti kama funzo. Halafu, sikilizeni, akaniuliza kama nina nafasi mwezi ujao nikatafsiri kwenye ukumbi mwingine, kwa sababu nilifanya vizuri sana. Ni kwa kujitolea, lakini kahawa itakuwepo. Nilimwambia kwa Kiswahili aifanyie nini kahawa yake. Akanishukuru.

Hiyo ilikuwa Ijumaa; Jumamosi nzima mama aliendelea kunikatia simu, na Jumapili ikafika. Nilimwomba pasta dakika mbili baada ya matangazo, na nikasimama pale mbele na mtoto kiunoni.

"Ile dawa tuliyotuma," nikasema, "inaweza kuua wazee wenye goitre. Kijana wa komini alisema siku ile. Mimi nilisikia na sikuwatafsiria. Pigeni simu nyumbani sasa hivi."

Mnajua kanisa la Kikongo linavyonyamaza? Halinyamazi. Lakini lilinyamaza.

Rais akasimama kwanza, kitambaa chake cha kichwa kimejengwa kama ghorofa. "Binti, kaa chini. Mi niliambia dada yangu hii dawa ni Mungu alituma. Sasa niseme nini? Mungu alikosea adresi?"

"Sema mimi nilikosea, maman."

"Unasema kwa sauti, mbele ya bantu, ya kama tulituma sumu?"

"Huyu iko na wivu," mtu akasema nyuma. "Shingo ya mama yake haikupona."

Mama wa Uvira akageuka kumtafuta aliyesema. Kelele ikaanza, pasta akanyoosha mikono, piano ikapigwa kidogo kama wanavyofanya wakitaka kufunika ugomvi. Ndipo yule msafiri mnene akainuka. Alikuwa amerudi juzi yake, miguu bado imevimba kwa ndege. Hakuwa anacheka.

"Ni mimi nilibeba," akasema. "Muntu akikufa, ni mikono yangu ilimpatia." Akafungua mkoba, akatoa daftari la shule. Kila msafiri wetu analo: ndani ameandika kila mzigo, umetoka kwa nani, umepokelewa na nani, saini au kidole gumba. Akaanza kusoma kama mwalimu anayeita majina. Boksi mbili, dada ya rais. Boksi tatu, mjomba ya huyu. Boksi moja, mukamwana ya yule. "Piga. Na wewe, piga. We papa, usiangalie viatu, mama mukwe yako alichukua ine. Piga!"

Walipiga. Watu wote kwa mara moja, kila simu kwenye spika, kila mtu anapiga kelele kana kwamba Kivu iko ng'ambo ya barabara. Simamisha, maman! Hapana, si ya wivu! Tupa mu choo! Rais wa akina mama alikuwa wa mwisho kutoa simu na wa kwanza kulia. Dada yake alikuwa amemeza viwili tu, vingine aliviweka chini ya mto avitunze, na rais akamwita mpumbavu, mpumbavu wangu, na machozi yanateremka kwenye poda. Watu wa komini wangekuwepo wangeona zoezi la dharura ambalo mchoro wao hauwezi kulichora. Kila aliyetajwa daftarini alipatikana kabla ya saa nane.

Isipokuwa mama yangu. Simu yake ilikuwa imezimwa.

Msafiri akafungua ukurasa wa nyuma wa daftari. Kule kilimani alipeleka bandeji kwa muuguzi wa kituo cha afya, na alichukua namba yake. Nikampigia. Sauti ya mwanamume, imechoka. Nilipofika kwenye neno iode hakuniacha nimalize. "Wa koral wawili bako hapa tangu jana," akasema. "Nilikuwa najiuliza ni nini banakunywa."

Nilimwomba aende kwa mama. Aliniambia ni mwendo wa saa moja na mvua inanyesha. Nikamwambia mimi ndiye niliyeandika kipimo. Akasema anavaa mabuti.

Alinipigia jioni. Alimkuta amekaa kitandani, moyo unakwenda mbio hata akiwa ametulia. Mama alimrushia kiatu kimoja, cha pili hakikufika, mikono haikuwa na nguvu. Muuguzi alichukua vidonge vilivyobaki. Alimpa dawa ya kutuliza moyo, na kesho yake asubuhi akamfunga kwenye pikipiki kati yake na dereva, mpaka hospitali Butembo. Siku nne mama hakuzungumza na mimi. Aliongea na mume wangu. Aliongea na mtoto. Nikisogea kwenye skrini, alikuwa anaangalia dari.

Siku ya tano alipokea.

"Mama," nikaita.

"Eh."

"Moyo iko namna gani?"

"Iko polepole. Imerudilia kazi yake."

Nilisikia vyombo vya hospitali, mtu anaburuza kitanda. Hakukata. Akasema daktari wa pale anataka kumpasua shingo, moyo ukishatulia kabisa, na kwamba amekubali.

"Wewe? Uliyesema shingo si kuku?"

"Nimekubali. Ile kutetemeka, mi niliona kifo, mama. Kila asubuhi, nikikunywa, nilikuwa najua leo njo leo."

"Na ulikuwa unakunywa? Juu ya nini hukuniambia?"

"Ulikuwa na furaha sana," akasema. "Ulipika kuku. Bwana yako aliniambia ile siku."

Nilikaa kwenye ngazi za jengo letu, na mtoto ananipanda mgongoni, na nikashindwa kupata tusi la kumtukana mtu yeyote, mimi ambaye huwa sikosi.

"Siku ya kupasua, utakuja?" akauliza.

"Nitakuja."

"Kuja. Lakini sikia vizuri: kuja mikono mitupu."